Ronaldo si jina la Wareno

Ubishi ulianzia kwenye kahawa. Barazani kwetu Mombasa, mechi ya usiku uliotangulia ilikuwa bado haijapoa, na kijana mmoja akatangaza kwamba Ronaldo ni jina la Kireno halisi, kama meza, leso na gereza. Wareno, akasema, walijenga Fort Jesus mwaka 1593, wakakaa pwani hii wakatuachia maneno, basi na majina pia. Hakuna aliyempinga, mpaka mzee mmoja aliyekuwa kimya akizungusha kikombe chake alipouliza: "Na Ronald Ngala je, mwanangu? Yule kazaliwa kabla hata baba wa huyu mchezaji wako hajazaliwa. Naye alipewa jina na Vasco da Gama?"

Tukacheka, lakini ubishi haukuisha. Mmoja akashika kuwa Ronald ni la Kiingereza, mwingine kuwa ni la Biblia, wa tatu kuwa majina ya kizungu hayana maana, ni sauti tu. Wote watatu wamekosea, na yule wa Fort Jesus kakosea zaidi. Ronaldo ni Ronald aliyevalishwa Kireno. Ronald ni jina la Skandinavia lililopita Uskoti, na kwao kwa asili ni Rögnvaldr.

Tuanze na maneno yenyewe. Skandinavia ni Norwei, Uswidi na Denmark. Iceland huongezwa kwa kuwa waliohamia huko wengi walitoka Norwei na wakabeba lugha yao. Miaka elfu moja iliyopita watu wa nchi hizo walisikilizana kwa lugha moja yenye lahaja, kama mtu wa Lamu na mtu wa Unguja wanavyosikilizana leo. Hapa nitaiita Kiskandinavia cha kale. Nao Waviking hawakuwa kabila. Neno hilo lilimtaja mtu aliyeingia baharini kuvamia na kupora, na majirani zake wengi nyumbani walikuwa wakulima na wavuvi ambao hawakumvamia mtu.

Sasa jina. Ile r ya mwisho katika Rögnvaldr si sehemu yake. Ni alama ya sarufi iliyoonyesha kwamba mwenye jina ndiye mtenda katika sentensi. Akitendwa yeye, r inaondoka. Ukiitoa unabaki na vipande viwili, rögn na vald.

Vald ni mamlaka, nguvu ya kutawala. Hilo halina tatizo. Rögn ndilo lenye utamu. Ni sura ya neno regin, lililotumika kwa wingi tu, na maana yake ni wale wenye kuamua: miungu, lakini miungu wakiwa wamekaa kwenye viti vyao kukata shauri, si miungu wakipigana. Katika lugha ndugu ya Kigothi, ragin ni shauri au uamuzi. Neno Ragnarök, ambalo vijana wanalijua kutoka kwenye sinema, limetoka hapo hapo: ni yatakayowapata hao regin siku yao ya mwisho.

Kwa hiyo ukilazimisha tafsiri utapata kitu kama "mwenye mamlaka kwa shauri la miungu". Lakini usilazimishe sana. Majina haya yalijengwa kwa vipande, nasi tunao ujenzi wa namna hiyo: Mwanakombo, Mwanahamisi, Mwanaidi, kichwa kimoja na mikia tofauti. Tofauti ni kwamba wazazi wa Skandinavia mara nyingi walichukua kipande kutoka jina la baba au babu, wakakiunga na kipande kingine, ili ukoo usikike ndani ya jina la mtoto. Hawakuwa wakitunga sentensi. Ni kama pindo na mji wa kanga: vimechapwa kwenye kitambaa kimoja na vinapendezana, lakini pindo halielezi mji. Ndiyo maana mtu akitafuta maana ya Ronald mtandaoni anakutana na "mtawala mwenye hekima" hapa, "mshauri wa mfalme" pale, na "mwenye nguvu" kwingine. Kila mmoja amechukua vipande viwili akajitungia sentensi yake.

Vipande hivyo vilizaa majina mengine chungu nzima. Regin imo katika Ragnar na Ragnhild. Vald imo katika Thorvald, ambamo imeungwa na jina la mungu Thor, na imo pia katika Harald, ambamo imeungwa na neno la jeshi. Huyo Harald unaye mfukoni: Bluetooth ni lakabu ya mfalme Harald wa Denmark wa karne ya 10, na alama iliyo kwenye simu yako ni herufi mbili za kale za jina lake na lakabu yake zilizobebanishwa. Lakini Harald ana habari yake, tumwache.

Nani waliitwa Rögnvaldr? Ninayempenda kuliko wote hayumo katika hadithi yoyote. Kaskazini mwa Stockholm, mahali paitwapo Ed, kuna jiwe kubwa la asili lililochongwa kwa runi, zile herufi za mistari iliyonyooka, rahisi kukatwa kwenye mti au mwamba. Maandishi ni ya karne ya 11 na yako pande mbili. Upande mmoja Ragnvald (hivyo ndivyo jina lilivyotamkwa Uswidi) anasema amechongesha runi hizi kwa kumbukumbu ya mama yake Fastvi, binti wa Onem, aliyefia Ed, na anaomba Mungu aisaidie roho yake. Upande wa pili anajitaja mwenyewe kwa ufupi kabisa: alikuwa Ugiriki, alikuwa mkuu wa kikosi.

Ugiriki hapo ni dola ya Konstantinopoli, Istanbul ya leo, ambako kaisari aliajiri walinzi kutoka kaskazini kwa sababu walikuwa wageni wasio na jamaa wa kuwapendelea mjini. Mtu huyu alivuka bara zima, akapanda cheo kwenye kasri tajiri kuliko zote za Ulaya, akarudi kijijini kwake kando ya ziwa. Mama upande mmoja, cheo upande wa pili. Na ukiangalia vizuri, jina lenye miungu ya zamani ndani yake limechongwa juu ya jiwe lenye dua ya Kikristo, na mwenyewe haoni tatizo. Kwake lilikuwa jina tu, alilokuta.

Wa pili alikuwa jarl wa Møre, magharibi mwa Norwei, karne ya 9. Jarl ni cheo kilicho chini ya mfalme. Kwa lugha yetu ya pwani ningesema liwali. Masimulizi ya Iceland, yaliyoandikwa zaidi ya miaka 300 baadaye, yanasema mfalme Harald wa Norwei (si yule wa Bluetooth) aliapa kutokata wala kuchana nywele mpaka Norwei yote iwe chini yake. Kazi hiyo ilichukua miaka kumi. Unaweza kufikiria kichwa chenyewe. Watu walimpa lakabu iliyomaanisha matimutimu. Alipomaliza alifika Møre kwenye karamu, akaoga, na aliyeshika mkasi alikuwa Rögnvaldr. Akamkata nywele, akamtazama, akambadilisha lakabu palepale: kuanzia siku hiyo aliitwa Harald wa Nywele Nzuri. Kisa hiki huenda kimetiwa chumvi, lakini kinaonyesha jarl alivyosimama karibu na mfalme: hata kichwa chake aliruhusiwa kukishika. Masimulizi hayo hayo yanasema mfalme alimpa visiwa vya Orkney na Shetland, kaskazini mwa Uskoti, naye akamwachia ndugu yake. Hapo ndipo jina lilipoanza kuvuka bahari. Mwisho wake haukuwa mzuri. Wana wa mfalme yule yule aliyemnyoa walimchoma moto ndani ya nyumba yake.

Wa tatu hakuzaliwa Rögnvaldr. Aliitwa Kali, mwana wa Kol, kijana wa Norwei, na mama yake alikuwa na asili ya watawala wa Orkney. Alipopewa ujarl wa visiwa hivyo alipewa na jina jipya, kwa sababu mama yake Gunnhild alisema kwamba katika majarl wote wa Orkney aliyekamilika zaidi ni Rögnvaldr mwana wa Brusi, na jina lake lingemletea mwanawe bahati. Mama yeyote wa hapa aliyempa mtoto jina la babu aliyefanikiwa anaielewa hesabu hiyo bila kufafanuliwa.

Bahati ilikuja kwa kiasi. Kali, sasa Rögnvaldr, alianzisha kanisa kuu la Mtakatifu Magnus mjini Kirkwall mwaka 1137, na mawe yake mekundu na manjano yamesimama mpaka leo. Alikwenda kuhiji Yerusalemu, akarudi, akauawa mwaka 1158, na baadaye akahesabiwa mtakatifu. Alikuwa pia mshairi na mwenye kujisifu: katika beti moja anajigamba kuwa anajua mambo tisa, kuanzia mchezo wa bao lao, runi, vitabu na ufundi, kuteleza juu ya theluji, kutupa mshale na kupiga makasia, hadi kinubi na utunzi. Malenga wetu wa majigambo wangemtambua.

Kwa hiyo anayesema Ronald ni jina la Biblia hajalipata, maana humo halimo. Ila anayetaka mtakatifu wa jina hilo, yuko.

Mashariki nako jina lilifika. Katika karne ya 10 mtawala wa Polotsk, iliyo Belarus leo, aliitwa Rogvolod, nalo ni Rögnvaldr lililotamkwa na ulimi wa Kislavoni. Tawi hilo lilikauka. Lililotufikia sisi ni la magharibi.

Visiwa vya magharibi mwa Uskoti vilikuwa chini ya wafalme wa Norwei mpaka mkataba wa mwaka 1266. Kwa karne kadhaa wasemaji wa Kiskandinavia na wa Kigaeli, lugha ya wenyeji, waliishi pamoja, wakaoana, wakapeana majina, kama unavyomkuta Salim na Kazungu nyumba moja kule Kilifi. Mtu mkubwa kati yao, Somhairle, aliyefariki mwaka 1164, alikuwa na jina la Kiskandinavia, maana yake msafiri wa kiangazi. Mwanawe akamwita Rögnvaldr, na mjukuu akapewa jina la Kigaeli, Domhnall.

Hapo ulimi ukafanya kazi yake. Sisi tulipokea "driver" tukatoa dereva, bila kuomba ruhusa. Wagaeli nao walipokea Rögnvaldr: g ikalainika mpaka ikakaribia kupotea, v ikamezwa, d ikazama ndani ya l. Likabaki Raghnall. Waandishi wa Kiingereza wa Uskoti walipolinasa tena wakaandika Ranald, na Ronald, likiwa na d mwishoni. Domhnall, ambaye kwa Kigaeli hana d ya mwisho, naye akavalishwa d hiyo hiyo akawa Donald. Kutoka kwa mjukuu huyo ndipo ukoo wa MacDonald ulipopata jina, yaani mwana wa Donald. Ndiyo maana mchekeshaji wa ule mkahawa wa Marekani, Ronald McDonald, ameipindua nasaba: katika historia ni Donald aliyekuwa mwana wa Ronald.

Orkney na Shetland zenyewe ziliponyoka Norwei kwa njia ya ajabu. Mwaka 1468 mfalme Christian I, aliyetawala Denmark na Norwei, alikuwa akimwoza binti yake Margaret kwa mfalme wa Uskoti. Kwao zama hizo mahari ilitoka upande wa bibi harusi, naye hakuwa na fedha taslimu. Akaweka Orkney rehani, na mwaka uliofuata Shetland. Hazijakombolewa mpaka leo.

Ronald lilikaa muda mrefu likiwa jina la milima na visiwa vya Uskoti. Kuelekea mwisho wa karne ya 19 likaanza kupendwa Uingereza na kwingineko, na miaka ya 1930 na 1940 lilikuwa miongoni mwa majina ya wavulana yaliyotamba Marekani. Mmoja aliyekwisha kuwa nalo ni mtoto aliyezaliwa jimbo la Illinois tarehe 6 Februari 1911: Ronald Reagan, mwigizaji wa sinema, kisha rais kuanzia 1981 hadi 1989.

Sasa tumefika kwenye mpira. Tarehe 5 Februari 1985, siku moja tu kabla ya siku ya kuzaliwa ya Reagan, mtoto alizaliwa Funchal, kisiwani Madeira. Masimulizi ya familia ni kwamba baba alimpenda Reagan, hasa yule wa kwenye sinema, akamwita mtoto Cristiano Ronaldo. Ile o ya mwisho ni desturi ya Kireno kwa majina ya kiume, kama sisi tunavyoipa benki irabu ili isitukwame. Na Ronaldo si jina lake la ukoo, ingawa nusu ya dunia inadhani hivyo kwa kuwa linaandikwa mgongoni. Ni jina la pili alilopewa. Ya ukoo ni dos Santos, la upande wa mama, na Aveiro, la upande wa baba.

Brazil ilikuwa imetangulia. Ronaldo Nazário, yule wa meno ya mbele na magoli mawili katika fainali ya 2002, alizaliwa mwaka 1976. Jina lilikuwa limeenea kiasi kwamba timu ya taifa ilielemewa nalo. Kwenye Kombe la Dunia la 1994 kulikuwa na beki Ronaldo mkubwa, akaitwa Ronaldão, na huyu kijana akawa Ronaldinho. Mkia -ão unakuza na -inho unadogosha, sawa na kusema Jironaldo na Karonaldo. Mwaka 1996, kwenye Olimpiki ya Atlanta, aliandikwa Ronaldinho kwenye jezi kwa sababu kulikuwa na Ronaldo mwingine tena, beki vilevile. Baadaye akaja Ronaldinho yule wa Porto Alegre aliyezaliwa 1980, akabaki na udogo huo moja kwa moja.

Na Fort Jesus? Waomani walipoiteka ngome mwaka 1698, Ronald lilikuwa bado jina la Waskoti. Kama Mreno yeyote wa zama hizo alikuwa na jina la aina hii, lilikuwa Reinaldo.

Hapa wengi hupotea, kwa hiyo tuende polepole. Reinaldo halikutokana na Ronald, wala Ronald halikutokana na Reinaldo. Ni ndugu. Sisi tunasema mtu, Waganda omuntu, Warundi umuntu, Wakikuyu mũndũ, na hakuna aliyemwazima mwenzake. Kila mmoja karithi kutoka kwa babu mmoja. Lugha za Kijerumani, kundi ambalo Kiskandinavia ni tawi lake moja, zilirithi jina lenye vipande vile vile viwili. Kaskazini likawa Rögnvaldr. Bara la Ulaya, kwa Wafaranki na majirani zao, likazaa Reinhold, Rinaldo wa Waitalia, Renaud wa Wafaransa na Renault unayoiona barabarani, Reinaldo wa Wareno, na kwa Waingereza Reynold na Reginald. Wareno, basi, walikuwa na jina hili nyumbani karne nyingi, na bado wakaagiza pacha wake kutoka ng'ambo.

Reginald linawachanganya watu kwa sababu linafanana na regina, malkia kwa Kilatini. Makarani wa kanisa walioandika Kilatini ndio waliolivuta likaegemea huko kwa tahajia. Mizizi yake haina malkia. Ni regin wale wale wakata shauri.

Ukishalijua hilo, unaona jambo la kuchekesha hapa kwetu. Reginald Mengi, mfanyabiashara wa Tanzania aliyefariki mwaka 2019, na Ronald Ngala, kiongozi wa chama cha KADU cha Kenya aliyefariki mwaka 1972, walikuwa wajina bila kujua. Ronald Muwenda Mutebi II, Kabaka wa Buganda tangu 1993, ni wajina wao pia, na kwake angalau kile kipande cha mamlaka kimekaa mahali pake. Majina haya yaliletwa na Waingereza, kwa njia ya misheni na shule, yakashikwa kama majina ya ubatizo. Mtu akapelekwa kisimani aache miungu ya babu zake, akatoka na jina lililobeba miungu ya babu za watu wengine. Wasafiri wanaoshukia Mtaa wa Ronald Ngala, Nairobi, hulitaja kila siku, wakiwa na haraka zao.

Nalo jina huko kwao? Ragnvald lipo, ingawa lina harufu ya babu. Lakini Wanorwei wa karne ya 20 walipenda Ronny, ufupisho wa Kiingereza wa Ronald, wakawapa watoto wao kama kitu kipya cha kisasa. Ronny Johnsen, beki wa Manchester United katika fainali ile ya Ligi ya Mabingwa ya 1999 pale Camp Nou, ni mtu wa Sandefjord, kusini mwa Norwei. Jina liliondoka huko kwa mashua, likakaa Uskoti karne kadhaa, likarudi limekatwa nusu, na halikutambuliwa mlangoni.

Haya yote niliyapeleka barazani siku ya tatu. Mzee alisikiliza, akatikisa kichwa aliposikia habari ya yule aliyenyolewa. Kijana wa Fort Jesus hakuwa tayari kushindwa mikono mitupu. "Haya," akasema, "na Rooney je?"

Nikamwambia huyo hahusiki kabisa: lile ni jina la ukoo kutoka Ireland, Ó Ruanaidh, halina regin wala vald. Akaagiza kahawa nyingine.